Pingamizi la Kodi Halijajibiwa: Mahakama Iingie au Isubiri?

Mfanyabiashara amepinga makadirio ya kodi kwa maandishi. Wiki zinapita bila jibu, kisha benki inampigia simu: imepokea agizo la kukata fedha kwenye akaunti yake. Mishahara ni Ijumaa. Anakimbilia mahakamani kuomba zuio, na kabla jaji hajafungua jalada, wakili wa mamlaka ya kodi keshasimama: shauri limeletwa kabla ya wakati, njia za ndani (pingamizi kwa kamishna wa kodi, kisha rufani kwenye baraza la kodi) hazijamalizika.

Wakili huyo hasemi upuuzi. Mabaraza ya rufani za kodi yaliundwa kwa sababu kodi ni hesabu: ankara, uchakavu wa mitambo, gharama zinazokubalika na zisizokubalika. Jaji aliyeshinda asubuhi nzima kwenye kesi ya mirathi si mtu wa kuzipekua. Tena mlango ukiachwa wazi, kila mdaiwa mwenye uwezo wa kuweka wakili atavuta siku. Marekani iliziba mlango huo kwa sheria tangu 1867. Afrika Kusini, kwenye kesi ya Metcash ya mwaka 2000, Mahakama ya Katiba ilikubali kwamba kodi ya ongezeko la thamani ilipwe kwanza, ubishi ufuate.

Ila hoja hiyo inasimama tu kama njia ya ndani inapitika. Tanzania, pingamizi halipokelewi mpaka ulipe theluthi ya kodi iliyokadiriwa au kiasi usichokibishia, chochote kilicho kikubwa. Kamishna anaweza kulegeza sharti hilo, lakini kamishna huyohuyo ndiye anayekudai. Kenya, kamishna asipoamua ndani ya siku 60, pingamizi huhesabiwa limekubaliwa. Pale ukimya unapomgharimu mkusanyaji, mlipakodi ana sababu ndogo sana ya kuruka foleni.

Mahakama ya Juu ya India, kesi ya Whirlpool ya 1998 (haikuwa ya kodi, ilihusu alama ya biashara), ilitaja hali ambazo jaji hazuiwi na kuwepo kwa rufani ya ndani: haki ya msingi imevunjwa, mtu hakusikilizwa, ofisa hakuwa na mamlaka, au sheria yenyewe inapingwa. Orodha ni fupi, lakini mawakili wanajua kuivuta. Kosa la kujumlisha hubatizwa jina la kuvuka mamlaka.

Mimi ningegawa ombi mapande mawili. Kiasi gani kinadaiwa, jaji asiguse. Fedha zikae wapi wakati jibu linasubiriwa, hiyo ni kazi yake, hasa ikiwa kukata leo kutaua biashara kabla rufani haijasikilizwa. Zuio liwe na tarehe ya kuisha, na mwombaji aweke dhamana ya benki. Zuio lisilo na mwisho ni msamaha wa kodi kwa mlango wa nyuma, na jaji hakupewa mamlaka ya kusamehe kodi.

Kwa mfanyabiashara wetu, basi: mishahara itoke Ijumaa, salio libaki limefungwa, kamishna apewe siku za kujibu pingamizi, na hesabu zenyewe zirudi kwenye meza yake.