Hoi An haiizidi Pangani kwa uzuri, imepangwa tu

Nikituma picha za Hoi An kwenye grupu la ukoo, majibu hayabadiliki: "Wenzetu wamejaaliwa." Naishi Da Nang, Vietnam, nafundisha watoto Kiingereza, na Hoi An ni mwendo usiofika saa moja kwa pikipiki. Mgeni akitoka nyumbani, ziara ya kumpeleka ni hiyo hiyo: asubuhi mitoni na vijijini, jioni mji mkongwe. Nimeizoea kiasi kwamba sasa namtazama muongozaji kuliko mandhari. Na kwa kuwa nimezaliwa Pangani mjini, mkoani Tanga, upande wa mto unaotazamana na Bweni, hilo neno la kujaaliwa linanikera. Sisi tumenyimwa nini?

Hoi An, ambayo Wazungu wa zamani waliiita Faifo, ipo karibu na mlango wa mto Thu Bon. Karne ya 16 na ya 17 ilikuwa bandari kubwa chini ya watawala wa ukoo wa Nguyen. Wajapani na Wachina walikaa hapo wakisubiri upepo ugeuke, vilevile Waarabu na Wahindi walivyosubiri kusi na kaskazi kwetu. Wajapani walijenga daraja lenye paa, ambalo leo limechapishwa kwenye noti ya dong 20,000, fedha ya Vietnam. Miaka ya 1630 Japani ilipowafungia watu wake kusafiri nje, mtaa wao ukafifia, wakabaki Wachina na kumbi zao za jamaa: ya watu wa Fujian, ya Guangdong, ya Hainan. Kisha mto ukajaa mchanga, meli kubwa zikashindwa kuingia, na Wafaransa wakaipendelea Da Nang. Mji ukafukarika. Ufukara huo ndio ulioziokoa nyumba zake za mbao, maana hapakuwa na mwenye fedha za kuzibomoa ajenge ghorofa.

Sasa njoo Pangani. Mji wa mlangoni mwa mto, mashamba ya miwa kandokando ya maji, pembe za ndovu, na watumwa, tusilifiche hilo. Mwaka 1888 vita vya Abushiri dhidi ya Wajerumani vilianzia kwetu, na Desemba 1889 Wajerumani wakamnyonga Abushiri hapo hapo Pangani. Mwaka 1893 miche ya kwanza ya mkonge, 62 tu iliyonusurika safarini kutoka Florida, ikapandwa Kikokwe, jirani na mji. Mwaka huohuo reli ikaanza kujengwa, lakini ikaanzia Tanga. Biashara ikaifuata reli, sisi tukabaki na majumba ya Kihindi, Boma, na mto.

Hadithi ni moja basi, bandari iliyopokonywa riziki na jirani yake. Njia zilipoachana ni baadaye sana. Miaka ya 1980 mbunifu majengo kutoka Poland, Kazimierz Kwiatkowski, aliyekuja kukarabati mahekalu ya Wacham, watu wa kale wa huko, pale My Son, alikuwa mmoja wa waliowashawishi wakubwa wa Vietnam kwamba Hoi An ni mali. Sanamu yake ipo mjini hadi leo. Mwaka 1999 UNESCO ikauweka mji kwenye orodha ya urithi wa dunia, majengo yake ya mbao yakihesabiwa zaidi ya 1,100.

Mara ya mwisho nilikwenda na kaka yangu mkubwa na shemeji. Kilichonivutia zaidi katika ziara yote kilitokea kabla hatujatoka nyumbani. Jioni ya kuamkia safari kijana muongozaji alituma ujumbe: nani hali nini? Kaka akajibu kwamba sisi Waislamu, nguruwe ni haramu, na nyama isiyochinjwa kwa utaratibu wetu hatuli. Si jambo dogo huku. Cao lau, tambi nene ambazo mji huu unajivunia, huwekewa nguruwe, na mpishi wa kawaida akikuondolea vile vipande anaona amekutendea haki. Mchana ulipofika tukakuta samaki, kamba, wali na mboga, vimepikwa kwenye sufuria iliyotengwa. Shemeji alikula kwa amani. Ujumbe mmoja tu ndio uliofanya kazi hiyo, na haukugharimu chochote.

Kituo cha kwanza kilikuwa Bay Mau, katika kijiji cha Cam Thanh, kwenye msitu wa minazi ya majini. Mnazi huu hausimamishi shina. Makuti yanachomoza topeni moja kwa moja, marefu kumpita mtu, na mifereji inapita katikati yake. Wakati wa vita na Wafaransa, kisha na Wamarekani, wapiganaji walijificha humo. Shemeji aliyashika yale majani na kuniuliza, "Shemeji, haya si makuti haya? Wanaezekea?" Wanaezekea, tena kama kwetu.

Vyombo vyenyewe ni makapu ya duara ya mianzi iliyosukwa, yaliyozibwa kwa utomvu na kinyesi cha ng'ombe. Watu husimulia kwamba Wafaransa walitoza kodi ya mashua, wavuvi wakabuni hiki ili waseme ni kapu, si chombo. Kaka, ambaye babu yetu alikuwa fundi wa mashua, alikizunguka, akakigonga kwa kidole, akasema, "Mdogo wangu, hiki hakina tezi wala omo, hakina nyuma wala mbele." Lakini mama aliyetubeba, mwenye kofia pana ya majani, alikiendesha kwa kafi moja bila kuyumba. Akatukatia bua la kuti kutuvulia kaa wadogo, akasuka pete za majani, akamvisha shemeji.

Ndipo spika zikafunguliwa. Nyimbo za Kikorea, kwa kuwa wageni wengi hapo ni Wakorea, zikavuma mpaka ndege wakahama. Vijana wakazungusha makapu kama pia, wageni wakapiga kelele, noti zikapachikwa kwenye makafi. Akatokea mvuvi akarusha nyavu mara nyingi mfululizo, vizuri kabisa, kwa ajili ya kamera, na sikuona dagaa hata mmoja. Watakaoniambia hiyo ndiyo maendeleo nitawajibu kwamba msitu uliowaficha watu vitani umefanywa ukumbi wa harusi. Kwenye mto Pangani ukipita jioni unamkuta mvuvi wa kweli, na akirusha wavu ni kwa sababu nyumbani hakuna kitoweo.

Hata hivyo getini nilitazama kitu kingine. Bei imebandikwa. Waendesha makapu wanapangiwa zamu, na wengi ni wanawake wa makamo wa kijiji hicho hicho. Jaketi la kuokolea unavalishwa, hupewi nafasi ya kubisha. Hakuna aliyenivuta mkono.

Tra Que, kijiji cha mboga, ndiko kaka alikokaa muda mrefu kuliko sote. Wanarutubisha udongo wa kichanga kwa mwani wa mtoni, na wakulima wanabeba keni mbili za maji kwa mzega, wanamwagilia matuta mawili kwa mpigo. Mwaka 2024 shirika la utalii la Umoja wa Mataifa lilikiweka kati ya vijiji bora vya utalii duniani. Kwa nini? Kwa mnanaa, mrehani na vitunguu! Kaka alijaribu ule mzega, akaloa viatu, akacheka. Kisha akanong'ona kwamba kwao Mwera, wilayani Pangani, watu wanalima mchicha mzuri zaidi na hawajawahi kufikiri kwamba kuna mtu angelipia kuutazama.

Mjini tulifika alasiri. Tiketi ya mji mkongwe ni dong 120,000 kwa mgeni, kama shilingi 12,000 za kwetu, na 80,000 kwa raia. Inakupa haki ya kuingia sehemu kadhaa unazochagua mwenyewe: nyumba za kale, kumbi za Wachina, makumbusho. Nyumba ya Tan Ky bado inakaliwa na ukoo wake, vizazi saba sasa, na ukutani wameweka alama za mafuriko. Ya mwaka 1964 imepita kichwa cha mtu. Sehemu ya fedha za tiketi inarudi kwenye ukarabati. Mwaka 2023 wakuu walipotaka kila anayekanyaga mtaa alipe, kelele zilikuwa nyingi hadi wakalegeza. Hata wakibishana, wanabishania hesabu.

Usiku taa za karatasi zinawaka, mto unajaa mashua, na hapo ndipo hamu yangu inakwisha. Nyumba nyingi za barabarani zimekuwa maduka ya mafundi nguo, mikahawa, mikoba, taa. Wenyeji wengi wamepangisha na kuhamia pembeni, wanakuja mjini kufanya kazi. Hukuti mzee amekaa kibarazani bila kuuza kitu. Pangani ukipita mtaa wa Wahindi jioni unawakuta watu: wanacheza bao, wanakunywa kahawa, mtoto anatumwa chumvi. Ukuta umebanduka chokaa, sawa, lakini ndani kuna anayelala. Hilo silibadilishi kwa taa elfu moja.

Shemeji alinunua pakiti ya korosho iliyoandikwa ni bidhaa ya Vietnam, zawadi ya kupeleka Tanga. Nilinyamaza. Vietnam hununua korosho ghafi nyingi kutoka Afrika, Tanzania ikiwemo, inazibangua na kuziuza tena. Sina hakika zile zilitoka Mtwara au la, ila kama zilitoka huko, zilikuwa zinarudi nyumbani na nauli juu.

Ninachoona wivu nacho, basi, ni kidogo na hakina picha nzuri ya kutuma kwenye grupu. Ni bei iliyoandikwa, saa ya kuondoka inayoheshimiwa, ujumbe wa jioni unaouliza mtu hali nini, jaketi, choo kisafi kituoni. Kwetu mgeni akitaka kwenda mtoni anaulizia dukani, mwenye duka anampigia binamu yake, binamu ana boti lakini injini iko kwa fundi, na akiuliza bei anajibiwa "tutaelewana". Mzungu hapo ameshaogopa. Hata mimi mzawa naogopa. Halafu tunasema tunahitaji mwekezaji. Daraja jipya na barabara ya kwenda Saadani na Bagamoyo vitaleta magari, na magari yataleta watu wanaouliza bei. Tukiwajibu "tutaelewana", watakunywa soda na kuendelea na safari.

Sisemi huku ni peponi. Kazini nimewahi kuambiwa wazazi wanapendelea mwalimu mwenye ngozi nyingine, na Ijumaa naswali chumbani kwangu peke yangu. Mto wao nao una shida kama zetu: ufuo wa Cua Dai, mlangoni mwa Thu Bon, umeliwa na bahari miaka hii, hoteli zimepanga magunia ya mchanga. Sisi tunayo Maziwe, kilichokuwa kisiwa chenye miti, sasa fungu la mchanga linalofunikwa maji yakijaa. Kitu kama hicho muongozaji wa Hoi An angekieleza kwa dakika ishirini na wageni wangemsikiliza. Kwetu kinatajwa kama mahali pa kuogelea.

Kaka alirudi na picha ya ubao wa bei wa Cam Thanh kwenye simu yake, na ameanza kuzungumza na wenye mashua wa pantoni, tukae sahani moja, bei moja, zamu moja. Tunachobishania sisi wawili ni tiketi. Yeye anataka mwenyeji asilipe hata senti kuingia Boma wala kutembea mji wake. Mimi nasema alipe, hata mia tano, ili awe na haki ya kuuliza fedha zimekwenda wapi. Juzi amenitumia sauti ndefu kunijibu, akimalizia, "Wewe njoo kwanza uishi huku ndipo upange bei."