Kuchimba Dawa Mongolia

Aliyebuni kaptura ya baiskeli yenye kanda za mabegani hajawahi kubanwa na tumbo akiwa mbali na choo. Nalisema hilo bila kupepesa macho. Kwa mwendo kaptura yenyewe haina ubaya: ina sifongo nene pale mwili unapokutana na siti, na kanda mbili zinapanda kifuani mpaka mabegani ili isiteremke. Ukiwa umekalia baiskeli unajiona bingwa wa dunia. Shughuli ni kuivua. Kanda ziko ndani, chini ya kila kitu, kwa hiyo kabla hujaigusa itabidi uvue begi la maji mgongoni, kisha koti la upepo, kisha fulana. Ukishamaliza hayo yote ndipo unapochuchumaa, mtu mzima na heshima zako, umevaa kofia ngumu na soksi.

Elimu hii niliipata Mongolia.

Nilikwenda huko mwezi wa saba kwa mkutano wa watu wa malisho na mifugo, na kama kuna nchi ya kufanyia mkutano wa mifugo ni ile. Ukubwa wake unazidi Tanzania kwa zaidi ya mara moja na nusu, watu ni kama milioni 3.5 tu, na karibu nusu yao wamejazana mji mkuu, Ulaanbaatar. Kwingine kote ni kondoo, mbuzi, ng'ombe, farasi na ngamia, zaidi ya milioni 50. Mkutano ulipokwisha tukabakiwa na siku moja kabla ya ndege. Mwenzangu mmoja, Mkenya, akaja na wazo la kwenda kuendesha baiskeli za mlimani nyikani, na kiongozi wa kututembeza, chakula juu yao.

"Mtanzania, utaweza ama tukuache hotelini?"

"Kaka, unaongea na mtu wa Shinyanga."

Shinyanga ukisikia daladala usitazame Hiace. Ni baiskeli, karia yake imefungwa mto, abiria anakaa hapo na mzigo wake na maneno yake. Mimi ada ya sekondari nimeilipa kwa pedeli. Nimewahi kupakia mama, mtoto mgongoni kwake na majogoo wawili, kwa Phoenix isiyo na breki, kusimama ni kukanyagia tairi kwa soli ya kandambili. Sasa hizi za Mongolia zina giya, breki za diski na shokapu mbele. Nikaona ni kazi ya kukaa tu.

Asubuhi tulichukuliwa na Prius. Mji mzima ni Prius, zimetumika Japani zikaletwa, usukani uko kulia kama kwetu, ila wenyewe wanaendesha upande wa kulia wa barabara. Dereva akitaka kulipita lori, abiria wa kushoto ndiye anayeona mbele. Abiria wa kushoto nilikuwa mimi. Tumbo langu lilianza siku likiwa tayari limeshtuliwa, na hilo nalo lihesabiwe.

Tulianzia Tsonjin Boldog, kilomita 54 mashariki ya mji, penye sanamu ya Genghis Khan juu ya farasi. Ni ya chuma kisichoshika kutu, ina urefu wa mita 40, ilikamilika 2008, na unaweza kupanda ndani kwa ndani ukatokea kwenye kichwa cha farasi. Uso wa mwenyewe umeelekezwa mashariki, alikozaliwa. Hilo la mashariki naomba mlishike, maana njia yetu nayo ilielekea mashariki.

Kundi letu lilikuwa dogo. Kiongozi, dada mwembamba mwenye miguu ya misuli mitupu. Mzee wa Kiholanzi na mkewe, wastaafu, wote wamepita miaka 70 na wote walinipita mimi kwenye kilima cha kwanza wakisalimia. Mkenya. Na mtu wa Shinyanga.

Nyika ile ukiitazama kwa mbali ni zulia. Ukiipanda kwa baiskeli unagundua zulia limetandikwa juu ya viazi. Nyasi ni fupi, zinanukia pakanga, lakini chini yake kuna vichuguu vya nyasi zilizoshikana, vishimo vya wanyama, na mifereji ya magari. Barabara hakuna. Kuna alama za matairi, nane, kumi, zinakwenda sambamba, kila dereva aliyechoshwa na njia ya mwenzake alijichorea yake. Uzio hakuna. Shamba hakuna. Mti hakuna. Nilipoona mti hakuna, nilisema, "Aisee, mandhari." Ndiyo akili ya mtu ambaye bado hajashikwa.

Kabla ya mchana tukafika kwenye hema la wafugaji, lile la duara la sufu nyeupe wanaloliita ger. Tukiwa bado mbali kiongozi akapaza sauti, "Nokhoi khor!", yaani zuieni mbwa, ndiyo hodi ya huko, na ukiwaona mbwa wenyewe utaipiga hata mara kumi. Mlango unatazama kusini. Kizingiti hukanyagi, unakivuka. Wageni tukakaa upande wa kushoto, na mama mwenye nyumba akaenda kwenye pipa la plastiki la bluu, lilelile ambalo kwetu tunahifadhia maji, akakoroga kwa mti mrefu, akachota kwa upawa.

Airagi. Maziwa ya farasi yaliyochachushwa, ya majira ya joto, yana kilevi kidogo, chungu kidogo, na mapovu yanayokuchoma puani. Nikapokea kwa mkono wa kulia huku wa kushoto umeshika kiwiko, na mama akafurahi mno, kwa sababu kumbe nao wanapokea hivyohivyo. Kiongozi akanipigia makofi. Nikajiona balozi.

Sasa kwetu Usukumani ukibakisha, umemwambia mwenye nyumba kwamba chakula chake kibaya. Kwao bakuli likiwa tupu, mgeni hajatosheka. Zikutanishe mila hizo mbili kwenye mkeka mmoja uone zitafika wapi. Nikimaliza, anajaza. Akijaza, namaliza.

"Wewe, pole pole," Mkenya akaninong'oneza. Yeye alikuwa amelowesha midomo tu na kurudisha bakuli kwa mikono miwili. "Hiyo kitu imechacha."

"Mimi nimekulia mtindi."

"Mtindi ya ng'ombe, bwana."

Tukaaga, tukapanda. Airagi ili iive hukorogwa mara maelfu, hiyo ndiyo kazi ya ule mti pipani, na kila anayepita mlangoni huusukuma kidogo. Bakuli zangu nadhani zilitoka kabla idadi haijatimia, maana vile viazi vya chini ya zulia vikaendeleza kazi. Haikupita nusu saa nikasikia sauti. Mzee wa Kiholanzi akageuka akatazama mawingu.

Jamani, safari ya Mwanza basi likisimama porini kuchimba dawa, kila abiria anajua pa kwenda: wanaume huku, wanawake kule, na Mungu ameijaalia Singida vichaka vya kumtosha kila mtu na siri yake. Upande ule wa Mongolia Mungu aliweka nyasi zinazofika kwenye kifundo cha mguu. Nikamkimbilia kiongozi nikamuuliza choo kiko wapi. Akafunga breki, akanitazama kwa huruma, akanyoosha mkono na kuuzungusha upeo wote wa macho, kaskazini, mashariki, kusini, magharibi.

"Popote," akasema.

Nikapiga pedeli kwenda popote. Hatimaye nikaona ardhi inainama, kibonde kifupi kilichofunguka upande wa magharibi tu. Nikaangusha baiskeli. Begi la maji likashuka, mpira wake wa kunywea ukanasa sikioni, nikaukata kwa nguvu za mtu asiye na muda. Koti. Fulana, ile ya njano tuliyokodishiwa ili tuonekane kwa mbali. Kanda ya kulia. Kanda ya kushoto, ambayo ilikuwa imejisokota. Sitaeleza zaidi. Nitasema tu kwamba niliwahi, kwa tofauti ya pumzi moja.

Nikainua macho kumshukuru Mola, na huko magharibi, juani, Genghis Khan alikuwa anang'aa juu ya farasi wake. Ananitazama.

Ndipo kitu kikapiga mluzi nyuma yangu. Kindi wa ardhini, wale wanaoishi mashimoni, amesimama kwa miguu miwili mlangoni pake na mikono kifuani. Akapiga mluzi tena. Akajibiwa kutoka kulia. Akajibiwa kutoka kushoto. Dakika moja baadaye ujirani wote ulikuwa nje umesimama, na kila aliyekuwa anatoka alielezwa upya.

Upepo nao haukutaka kupitwa. Ulikuja mara moja, ukanyanyua fulana ya njano, ukaizungusha mara mbili juu ya kichwa changu na kuondoka nayo. Nikaitazama ikienda. Ningefanya nini, nimkimbilie nani, na nimevaa nini?

Halafu mbuzi. Siyo wawili watatu. Walimwagika kutoka juu ya kibonde, mamia, wale wenye manyoya marefu yanayotoa kashmiri ya masweta ya bei mbaya Ulaya. Mmoja akaja moja kwa moja kwenye pakiti yangu ya tishu. Nikamwambia "Toka!" Hajui Kiswahili. Akaila yote, na plastiki yake, huku ananitazama usoni. Kilichofanyika baada ya hapo ni siri kati yangu na soksi ya kushoto.

Nyuma ya mbuzi akaja mwenyewe, kijana wa miaka kumi hivi juu ya farasi wa kahawia, mkononi ana uurga, ule mti mrefu wenye kitanzi mwishoni wanaokamatia farasi. Akanitazama mimi. Akatazama kofia ngumu. Akatazama fulana inayoyoyoma uwandani, na pale nikaona sura yake inabadilika. Sikukuu ya Naadam ilikuwa imepita siku chache tu, na mbio za farasi za Naadam wanaoshindana ni watoto wa umri wake. Nadhani damu ilikuwa haijapoa.

Akaondoka kwa kishindo. Farasi kajinyoosha, mtoto kasimama kwenye vikanyagio, fulana inadunda nyasini, inapaa, inakata kona. Naye anakata kona nayo. Akaipata katika jaribio la pili, mkono mzima, kitanzi kooni pa fulana, kwa ufundi ambao hata mimi na hali yangu nilipiga makofi.

Lakini mtoto mwenye adabu hamsogelei mtu mzima aliye katika shughuli ile. Kwa hiyo badala ya kuniletea, akaangalia, akaona mbali kule watu wengine waliovaa fulana za njano, akaelekea kwao. Ameiinua juu ya ule mti, inapepea.

Kwa upande wao, walichoona ni mpanda farasi anakuja mbio na nguo ya mwenzao, mwenyewe hayupo. Wakaja wote. Nilikuwa nimefika kwenye kanda ya pili, koti liko mkono mmoja, baiskeli ziliposimama juu ya kibonde zikajipanga.

"Uko sawa?" Mkenya akauliza.

"Niko sawa."

"Soksi moja iko wapi?"

Mama wa Kiholanzi, mwenye darubini ya kutazamia ndege shingoni, akasema kwa upole kwamba alikuwa ameshaanza kumtafuta kwenye kitabu yule ndege mkubwa wa njano.

Yule mtoto hakutaka pesa. Kiongozi alimuuliza anataka nini, akaonyesha baiskeli. Yangu. Wakaongea, wakacheka, mimi nikiwa nafunga zipu, na uamuzi ukapitishwa bila kura yangu: kijana ataendesha baiskeli mpaka penye chakula cha mchana, mimi nitapanda farasi wake, mpole kabisa, nitakuja taratibu pembeni yao. Tandiko la Kimongolia ni la mbao. Narudia, mbao, na vifungo vya chuma juu yake. Nikasaidiwa kupanda. Hali yangu wakati huo haikuwa ya kukalia hata godoro.

"Sasa anaendaje huyu?" nikauliza.

"Nimesikia wakisema 'Chu!'" Mkenya akasema.

Alisema kwa sauti. Farasi alisikia.

Farasi wa kule ni mfupi, miguu yangu inakaribia kugusa nyasi, lakini usimdharau. Hakwenda penye chakula cha mchana. Alikwenda kwao. Tulivivuka tena viazi vyote nilivyovivuka kwa baiskeli, kila kimoja nikikitambua, nimekumbatia shingo ya mnyama, kanda moja ya kaptura imechomoka inanichapa mgongoni na yeye anadhani ni mimi namhimiza. Mbwa walitoka. Nikapiga hodi yao ile mara kumi na zaidi. Farasi akasimama wima mbele ya lile hema la duara tulilotoka, mlango wa kusini, pipa la bluu linaonekana ndani.

Mama alikuwa ameshatoka nje, simu sikioni, anacheka mpaka ameshika ubavu. Mtoto alikuwa wake. Na mtoto alikuwa na simu.

Akanishusha kwa mikono yake, akanivusha kizingiti, akanikalisha upande wa kushoto. Akachukua upawa. Nikamwambia kwa Kiingereza, hapana. Nikamwambia kwa mikono. Nikamwambia kwa Kisukuma, lugha ambayo huwa siigusi mpaka mambo yaharibike, kwamba mama, nakuomba, kwa heshima zote, nimeshiba.

Akajaza bakuli.