Mvinje shambani sawa, ufukweni tufikiri

Watu wengi wakiuona mvinje kwa mara ya kwanza husema ni msonobari. Wasilaumiwe. Lakini hizo zinazoonekana kama sindano si majani. Ni vitawi vyembamba vya kijani vyenye vifundo, na ukikivuta kimoja kitachomoka kwenye kifundo kama mirija iliyochomekwa. Tazama pale kilipokatika: kuna meno madogo yamejipanga duara, hayazidi milimita chache. Hayo ndiyo majani. Hata kile kigumba kinachofanana na koni kimetokana na ua jike jekundu lililochavushwa na upepo.

Umbo hilo ndilo siri ya mvinje. Kwa kuwa majani yamekuwa madogo hivyo, mti haupotezi maji ovyo, nao huvumilia jua, mchanga na upepo wa chumvi. Mizizini wanaishi bakteria wa Frankia, wanaoinasa nitrojeni ya hewani na kuulisha mti, kazi inayofanana na ile ya bakteria wa kunde. Asili ya mvinje ni Australia, kusini-mashariki mwa Asia na visiwa vya Pasifiki.

Anayetaka kuutetea mvinje hahitaji kwenda mbali na Mombasa. Mwaka 1971, mtaalamu wa kilimo René Haller alianza kupanda miti katika machimbo ya kiwanda cha saruji cha Bamburi, mahali palipobaki mwamba wa matumbawe mtupu, joto kali na maji yenye chumvi. Kati ya aina 26 alizojaribu, ni chache sana zilizopona, na mvinje ndio uliofanikiwa zaidi. Kisha likaja tatizo jingine. Vitawi vilivyodondoka vilirundikana bila kuoza, kwa sababu vina tanini nyingi, ile kemikali ya mimea inayochelewesha kuoza. Dawa ilikuwa jongoo wenye miguu myekundu: walivila, wakavigeuza kuwa udongo, na juu ya udongo huo ikaota miti mingine. Leo pale ni Haller Park, hifadhi ya miti na wanyama. Kwangu mimi somo kubwa hapo ni la jongoo kuliko la mti, maana mvinje peke yake ungeacha zulia la takataka kavu.

Kuna pia hoja ya mfukoni, na hii ndiyo nzito zaidi. Mkulima wa Kilifi mwenye ekari ya mchanga anapanda mivinje, na baada ya miaka michache anauza nguzo: za kujengea nyumba, za kutegemeza slabu kabla zege halijakauka, hata milingoti ya vyombo vya baharini. Kuni zake huwaka vizuri hata zikiwa mbichi. Kila nguzo ya mvinje inayonunuliwa ni boriti moja ya mkoko iliyobaki kwenye matope yake.

Sasa twende ufukweni, ambako mambo hubadilika. Kivuli cha mvinje ni kizuri kwa mtalii na kwa anayeuza madafu, lakini chini yake karibu hakuoti kitu. Mimea ya asili inayotambaa na kushika mchanga hufunikwa na kufa. Bahari ikila pwani, mizizi isiyokwenda chini sana hubaki nje, mti ukaanguka, na gogo likaziba njia ya kasa anayepanda kutaga. Huko Florida, Marekani, mvinje umepigwa marufuku, na miongoni mwa mashtaka yake ni kuvuruga viota vya kasa na vya mamba. Nakiri kivuli kina upande wake pia: kiota cha kasa kikiwa na joto sana hutoa majike karibu watupu, kwa hiyo mchanga uliopoa kidogo si mkosi moja kwa moja. Lakini hoja hiyo haimsaidii kasa aliyeshindwa hata kulivuka gogo.

Wapo watakaouliza mbona Waaustralia wanaipanda. Wanaipanda kwa sababu wanyama wao wameizoea. Katika Kangaroo Island, kisiwa cha kusini mwa Australia, kuna kasuku mweusi anayeishi karibu kwa mbegu za aina moja tu ya mti wa ukoo huo, na moto wa kiangazi cha 2019 na 2020 ulipounguza sehemu kubwa ya misitu ya kisiwa, kuipanda upya kulikuwa kumwandalia chakula. Kasuku huyo hatuna.

Kwa hiyo sioni haja ya kuingia na msumeno na kufyeka pwani nzima. Mchanga ulioachwa uchi kwa siku moja huondoka na upepo. Ningeacha ile mikongwe iliyo nyuma, nisipande mipya mbele ya mstari wa maji makuu, na pale kasa wanapotaga ningeiondoa kidogo kidogo huku mimea ya asili ikirudishwa. Kazi hiyo ina nafuu moja: mvinje huu ukikatwa, kisiki chake kwa kawaida hakichipui vizuri. Ndiyo maana mkulima wa Kilifi naye kila akivuna hurudi kwenye kitalu kutafuta miche.