Oili chafu si dawa ya masikio ya mbwa

Pita Igombe au Kayenze, huku Mwanza kando ya Ziwa Victoria, asubuhi jua likishapanda kidogo, utazame mbwa waliofungiwa mabandani. Ncha za masikio zimekuwa nyeusi kwa damu iliyokauka, na nzi wamejaa juu yake. Muulize mwenyewe, atakujibu, "Hao nzi wa dagaa tu, ndugu yangu." Kisha anatuma mtoto gereji akaombe oili chafu.

Hiyo oili naipinga kabisa. Ni kweli ulimi wa mbwa haufiki sikioni, lakini atalifuta kwa mguu, halafu aulambe mguu. Oili ya injini ni sumu, na kidonda kilichopakwa oili kinazidi kuungua.

Dagaa nao wanasingiziwa. Nzi anayetoboa sikio anafanana sana na nzi wa jikoni, ila akitua mwangalie kwa karibu: ana mdomo mgumu uliochomoza mbele ya kichwa kama sindano. Dume na jike wote wananyonya damu. Wale wadudu wadogo wanaopaa ziwani makundi kwa makundi hawaumi, waacheni. Huyu mwenye mdomo huzaliana kwenye majani yanayooza, hasa yaliyochanganyika na mavi na mkojo: matandiko ya ng'ombe, rundo la samadi, mimea ya ziwani iliyorundikana ufukweni ikaoza, hata ugali wa pumba uliomwagika bandani ukachacha. Kwa joto letu, yai linakuwa nzi kamili kwa wiki mbili au tatu hivi. Anayefagia banda na kuanika samadi juani kila wiki anawamaliza wakiwa bado mabuu. Mwenye kusubiri mpaka harufu imfikie sebuleni, basi amechelewa.

Kinachoniudhi zaidi ni desturi yetu ya kumfungia mbwa mchana kutwa ili usiku awe mkali. Nzi hawa hushambulia mchana, zaidi asubuhi na jioni, na mbwa aliye kwenye banda la mbao hana pa kukimbilia. Angalau mwekee wavu mlangoni, au mfungulie ajifiche chumba chenye giza.

Sikio likishaumia, lioshe kwa maji ya uvuguvugu yenye chumvi kidogo, likauke, kisha paka mafuta mazito ya mgando ya kujipaka. Ukiona funza kwenye kidonda, mpeleke kwa daktari wa mifugo siku hiyo hiyo. Dawa ya kuogeshea ng'ombe usimpimie mbwa kwa kukisia. Ikizidi, atatoka mate na kutetemeka. Duka la dawa za mifugo omba ya mbwa yenye permethrini, nayo ipake kama ilivyoandikwa kwenye chupa. Kama una paka, usimpake hata tone, na mtenge na mbwa mpaka manyoya yakauke, maana permethrini inaua paka.