Waya wa wizi ukatwe leo, deni lisubiri ushahidi

Mwaka 1921 Mahakama ya Juu ya Uholanzi ilimtia hatiani daktari wa meno wa The Hague aliyekuwa akichomeka sindano ya kufumia ndani ya mita yake ili kisahani kinachohesabu umeme kisizunguke. Utetezi wake ulikuwa kwamba umeme si kitu cha kuibwa. Mahakama ikamkatalia: umeme una thamani, na unaweza kutoka mikononi mwa mmoja kwenda kwa mwingine. Ujerumani, ambako mahakama zilikuwa zimekubali hoja ya aina hiyo, ilibidi itunge sheria maalumu mwaka 1900.

Siku hizi hakuna wakili anayepoteza muda na swali hilo. Ugomvi uko kwingine: nani aliichezea mita, ni umeme kiasi gani uliopotea, na je, shirika la umeme linaweza kukuzimia taa kabla hujasikilizwa?

Nianze na upande wa shirika, maana hoja zake zina uzito. Mwizi wa umeme haachi mlango uliovunjwa. Anairuka mita kwa kipande cha waya, na akisikia wakaguzi wako mtaani anakichomoa kwa dakika moja. Ukimtaka mkaguzi atoe taarifa ya wiki mbili kabla ya kuja, ni sawa na kumwambia asije kabisa. Hasara huwaangukia wanaolipa, na transfoma huungua kwa kubebeshwa mzigo usioonekana kwenye kumbukumbu yoyote. Zaidi ya hapo, waya ulioungwa kinyemela unaua. Mara nyingi hauna fyuzi wala kinga nyingine, kwa hiyo mtoto akiugusa hakuna kinachouzima.

Waya kama huo ukatwe siku hiyo hiyo. Hapo siwapingi mashirika hata kidogo. Ninachokipinga ni kuchanganya ukaguzi wa kushtukiza na adhabu ya kushtukiza. Ukaguzi ukishakwisha, picha zimepigwa na mita imeng'olewa, mteja hana tena cha kuficha. Sababu ya kumvamia bila taarifa imekwisha. Kuanzia hapo, kumweka gizani mpaka alipe deni lililopigiwa hesabu na walewale waliomkamata ni kumlazimisha akiri kosa ambalo huenda hakulitenda.

Maana ushahidi wenyewe si mwepesi kama unavyosimuliwa. Lakiri (muhuri unaofunga mita) iliyokatika inaweza kuwa imekatwa na mteja. Inaweza pia kuwa imekatwa na fundi wa shirika aliyekuja kurekebisha hitilafu akasahau kufunga nyingine, au na mpangaji aliyehama zamani. Mita inayosoma pungufu huenda imechezewa, au huenda nyaya zake zimelegea na kuungua ndani. Sheria ya umeme ya India ya 2003 inasema njia ya wizi ikikutwa kwa mteja, yeye ndiye anayedhaniwa kuhusika mpaka athibitishe vinginevyo. Naelewa kwa nini: vinginevyo karibu kila kesi ingeanguka. Lakini dhana hiyo inamtendea mtu haki pale tu mita inapotiwa kwenye mfuko mbele yake, namba za lakiri zikaandikwa, na ikapimwa na maabara isiyo ya shirika naye akiwapo.

Kisha kuna hesabu, na hapa ndipo watu wengi huumia. Pasipo usomaji wa kuaminika, wakaguzi huorodhesha vifaa vya nyumbani, wakazidisha wati kwa saa na kwa siku. Friji ya wati 150 ikihesabiwa saa 24 inakula uniti 3.6 kwa siku. Lakini kompresa yake huwaka na kuzima. Kama inafanya kazi theluthi ya muda, matumizi halisi ni uniti 1.2. Kwa mwaka, tofauti hiyo ni uniti 876 ambazo hakuna aliyezitumia, na hiyo ni friji peke yake. Sheria hiyo ya India, kwa matumizi yasiyoidhinishwa, inaweka kikomo cha miezi 12 nyuma pale muda halisi usipojulikana, lakini bei yake ni mara mbili ya kawaida. Kosa la makadirio nalo linazidishwa mara mbili.

Kesi mbili, zote za bili na si za wizi, zimenishawishi kuhusu haki ya kusikilizwa. Mwaka 1978 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kesi ya familia ya Memphis iliyohamia nyumba yenye mita mbili, ikawa inaletewa bili mbili na kukatiwa tena na tena. Mahakama ilisema haitoshi kumwambia mteja utakatwa. Lazima aambiwe pia ni wapi na vipi anaweza kupinga bili. Na mwaka 2009 Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini iliwapa ushindi wapangaji wa Johannesburg waliokuwa wakimlipa mwenye nyumba pesa ya umeme, naye hakuifikisha. Jiji lilikata bila kuwaarifu wao, likiona mteja wake ni mwenye nyumba tu. Mahakama ikataka taarifa ya siku 14 iwafikie wanaoishi humo.

Mtuhumiwa wa wizi anastahili nini basi? India inaamuru umeme urudishwe ndani ya saa 48 akishalipa kiasi kilichokadiriwa. Kasi hiyo naipenda, ila anatakiwa kwanza alipe kilekile anachokibishia. Mimi ningeamuru alipe wastani wa bili zake za kipindi kisicho na utata, nyaya zikaguliwe, afungiwe mita mpya mahali isipochezewa kirahisi, na ile ya zamani ibaki kwenye mfuko wake hadi siku ya kupimwa. Mita mpya inasoma kila uniti, hivyo shirika halipotezi umeme wakati kesi inaendelea. Akishindwa, alipe deni lote pamoja na faini. Akishinda, walau hatakuwa ameishi gizani miezi yote hiyo, pengine na mgonjwa ndani anayepumua kwa mashine.