Vitabu vya kiada Marekani haviamuliwi na majaji

Anayetaka kuelewa nguvu ya wahafidhina wa dini katika elimu ya Marekani asianzie mahakamani. Huko wameshindwa mara nyingi. Mwaka 1962 Mahakama ya Juu ilizuia sala iliyotungwa na maofisa wa jimbo la New York. Mwaka uliofuata ikafuta sheria ya Pennsylvania iliyotaka zisomwe aya zisizopungua kumi za Biblia kila siku ya shule. Mwaka 1987 ikaikataa sheria ya Louisiana iliyotaka uumbaji ufundishwe sambamba na mageuko ya viumbe. Pamoja na yote hayo, kwa miongo mingi ushawishi wao darasani haukuisha, kwa sababu walishika kazi ambayo wapinzani wao waliidharau: kuchagua vitabu vya kiada.

Tazama Tennessee. Sheria ya Butler ya Machi 1925 ilimtoza faini ya dola 100 hadi 500 mwalimu wa shule ya umma aliyefundisha kwamba binadamu ametokana na wanyama wa daraja la chini. Julai mwaka huo, mjini Dayton, mwalimu John Scopes akatiwa hatiani kwa sheria hiyo na kutozwa dola 100. Husemwa sana kwamba wahafidhina walitoka pale wameaibika. Lakini mahakama ya juu ya jimbo ilipotengua hukumu mwaka 1927, sababu haikuwa mageuko: jaji alipanga faini mwenyewe, ilhali katiba ya jimbo inataka faini inayozidi dola 50 ipangwe na jopo la wananchi wanaoamua kesi. Sheria yenyewe ilidumu hadi 1967. Kitabu alichotumia Scopes kilikuwa kimeidhinishwa na jimbo lilelile lililomshtaki, na toleo lake la 1926 lilifanyiwa marekebisho ili mageuko yasionekane waziwazi. Hakuna jaji aliyeamuru hivyo. Mchapishaji aliangalia soko lake tu.

Mageuko yalirudi vitabuni kwa nguvu baada ya Wasovieti kurusha Sputnik, setilaiti ya kwanza, mwaka 1957, serikali kuu ya Marekani ilipomwaga fedha kwenye masomo ya sayansi.

Uwanja mkubwa kuliko yote ulikuwa Texas. Bodi ya elimu ya jimbo hilo ina wajumbe 15, wanaochaguliwa kwa kura, na kwa muda mrefu jimbo lilinunua vitabu kwa ajili ya shule zake zote za umma kutoka kwenye orodha moja iliyopitishwa na bodi. Kukosa kwenye orodha hiyo kulimaanisha kupoteza soko zima, na kuchapa toleo la pekee kwa Texas ni gharama. Kwa hiyo marekebisho yaliyodaiwa Texas yaliweza kumfikia mwanafunzi wa jimbo lingine kabisa.

Mel na Norma Gabler, mume na mke wahafidhina wa dini kutoka mji wa Longview, waliuelewa utaratibu huo tangu mwaka 1961. Walisoma vitabu mstari kwa mstari, wakaandika pingamizi kwa ukurasa na aya, kisha wakafika kwenye vikao vya bodi. Mwaka 1974 bodi ikaweka kanuni kwamba kitabu kinachogusa mageuko kieleze kuwa hiyo ni nadharia, si ukweli uliothibitishwa. Kanuni hiyo ilidumu miaka kumi. Nayakataa mengi waliyoyadai, na naamini watoto walinyimwa sayansi wanayostahili. Bidii yao hata hivyo naiheshimu, na inaniuma kwamba watetezi wa sayansi waliwaachia vikao hivyo kwa muda mrefu mno.

Dover, Pennsylvania, inaonyesha inavyokuwa wananchi wakiamka. Oktoba 2004 bodi ya shule iliamua wanafunzi wa biolojia waambiwe kuhusu “usanifu wenye akili”, yaani dai kwamba viumbe vilibuniwa na mwenye akili fulani, kama mbadala wa mageuko. Wazazi wakafungua kesi. Wengi hukumbuka hukumu ya Jaji John Jones ya Desemba 2005 iliyopiga marufuku hatua hiyo, na takriban dola milioni moja ambazo wilaya ya shule ilikubali kuwalipa mawakili wa wazazi. Lakini wiki kadhaa kabla ya hukumu hiyo wapiga kura walikuwa wameshawaondoa wajumbe wote wanane wa bodi waliogombea tena. Bodi mpya haikukata rufaa.

Siku hizi wilaya za Texas zina uhuru zaidi wa kununua vitabu zivipendavyo, kwa hiyo mbinu imehamia kwenye fedha. Novemba 2024 bodi ya jimbo ilipitisha, kwa kura 8 dhidi ya 7, masomo ya kusoma kwa shule za msingi yenye simulizi nyingi za Biblia. Hakuna wilaya inayolazimishwa kuyatumia, ila inayokubali inaweza kupata hadi dola 60 kwa kila mwanafunzi. Kwa wilaya yenye bajeti finyu hicho ni kishawishi kikubwa, na kiliamuliwa na mjumbe mmoja tu aliyekuwa upande huu badala ya ule.