Mwongozaji Aliyebaki Nchi Kavu

Filamu ya baharia wa peke yake ina mtihani kabla hata haijaanza: mpiga picha akishapanda chomboni, baharia si wa peke yake tena.

Jillian Schlesinger aliuelewa mtihani huo. Alipotengeneza *Maidentrip* (2013), alimpa Laura Dekker kamera, akamwacha aende zake. Laura, binti wa Kiholanzi, alianza safari mwaka 2010 akiwa na miaka 14, baada ya miezi ya kuvutana mahakamani na serikali iliyomwona mdogo mno kuizunguka dunia mwenyewe.

Nimeitazama mara tatu, na kila mara zinazonishika ni zile picha zinazoyumba. Uso wa binti umejaa kwenye kioo, nyuma yake bahari inapanda na kushuka, upepo unayameza maneno. Hakuna anayemuuliza anajisikiaje. Mwanzoni upweke unamsumbua; kadiri anavyokwenda, bandari ndizo zinazomchosha. Bahari ya Hindi, hii hii yetu, aliivuka toka Darwin, Australia, hadi Durban, Afrika Kusini, wiki kadhaa bila kuona nchi. Mimi niliyekulia ufukweni sikuwahi kuiona bahari hiyo kwa jicho la mtu aliye katikati yake, asiye na wa kumwambia "tazama lile wimbi".

Basi mwongozaji kafanya kazi gani? Nimeulizwa hivyo, na swali hilo linanikera. Kazi yake ni kuaminiana na mtu hadi akufungulie moyo wakati haupo, kisha kukaa na saa nyingi za picha na kujua ipi iachwe.

Maana kamera nayo husema uongo. Donald Crowhurst, baharia Mwingereza, alipewa kamera na kinasa sauti na BBC alipoingia mashindano ya kuizunguka dunia ya 1968. Akajirekodi, huku kwa redio akituma taarifa za uongo za mahali alipofika. Kumbe alikuwa bado Atlantiki. Julai 1969 chombo chake kilikutwa kinaelea, hamna mtu. Louise Osmond na Jerry Rothwell walipozitumia picha zake katika *Deep Water* (2006), hawakumsimanga wala hawakumpamba. Walimpa nafasi mkewe, Clare, azungumze, nasi tukabaki tukimtazama mtu anayezungumza na kamera huku tunajua anachokificha. Nililia, na sioni haya kusema.

Ndiyo maana nawaheshimu waongozaji wa namna hii kuliko wanaokodi helikopta ili watuonyeshe tanga kutoka angani.

Januari 2012 Laura, sasa wa miaka 16, alitia nanga Sint Maarten, kisiwa cha Karibi alikomalizia mzunguko wake, waandishi wakimngoja gatini na kamera zao. Baadaye alitweka tanga tena, akaelekea New Zealand, alikozaliwa wazazi wake wakiwa safarini baharini.